Sambusa za Mboga: Mjazo, Manda na Mafuta

Sambusa ya mboga huharibiwa na maji. Kabichi ni maji kwa zaidi ya asilimia 90, karoti na kitunguu hukaribia kiwango hicho, na hata kiazi mviringo, kinachoonekana kikavu, ni maji kwa karibu asilimia 80. Nyama ya kusaga hukauka kwa dakika chache juu ya moto na kubaki punje punje, lakini mboga huendelea kutoa maji hata baada ya kuepuliwa, hasa ikishatiwa chumvi. Maji hayo yakifungiwa ndani ya manda na kutumbukizwa kwenye mafuta ya moto, hugeuka mvuke, na mvuke huhitaji nafasi kubwa mara nyingi kuliko maji yaliyouzaa. Matokeo yake hujulikana na kila anayekaanga: sambusa hupasuka kwenye pembe, mjazo humwagika, mafuta huruka, na zile zinazonusurika hulegea dakika kumi baada ya kutolewa. Kwa hiyo sehemu kubwa ya kazi ya sambusa za mboga ni kukausha, na hufanyika kabla mafuta hayajawekwa jikoni.

Chakula chenyewe ni cha zamani na kimesafiri njia ndefu kutoka Uajemi na nchi za Kiarabu hadi India na pwani ya Afrika Mashariki. Ibn Battuta, aliyepita Mombasa na Kilwa katika karne ya 14, baadaye alizieleza sambusa zilizoandaliwa katika ikulu ya Sultani Muhammad bin Tughluq huko Delhi: nyama iliyosagwa pamoja na lozi, pista, vitunguu na viungo, ikafungwa katika mkate mwembamba na kukaangwa kwa samli. Viazi, ambavyo leo wengi huvichukulia kuwa mjazo wa asili wa sambusa ya Kihindi, havikuwapo wakati huo. Asili yake ni Amerika ya Kusini. Mjazo usio na nyama umestawi hasa pale dini au mfungo unapoutaka. Nchini Ethiopia sambusa za adesi ni chakula cha siku za mfungo wa Waorthodoksi, wasiokula nyama, mayai wala maziwa siku hizo. Miongoni mwa Wagujarati wa Mombasa, Nairobi, Dar es Salaam na Zanzibar kuna familia nyingi zisizogusa nyama kabisa. Wajaini huenda mbali zaidi, kwa kuwa huacha pia vitunguu na viazi, na badala ya kitunguu hutia mvuje kidogo, ileile gundi yenye harufu kali inayojulikana pwani kwa matumizi ya dawa. Wakatoliki huacha nyama Ijumaa za Kwaresima, na Wasabato wengi huiacha mwaka mzima.

Uchaguzi wa mjazo

Adesi ndizo bora kuliko zote, na anayepika sambusa za mboga kwa mara ya kwanza afadhali aanze nazo. Zina utomvu mdogo, hubaki punje punje, na uzito wake mdomoni hukaribia ule wa nyama ya kusaga. Zinazofaa ni za kahawia au za kijani, zile ambazo masoko ya Kenya huziita kamande. Adesi nyekundu zilizokobolewa ni nzuri kwa mchuzi lakini huvurugika na kuwa uji, nazo hazifai hapa. Choroko hutumika vilevile, zikiangaliwa zisipasuke.

Gramu 250 za adesi kavu hutosha sambusa ndogo 48. Huchambuliwa, huoshwa na kuchemshwa katika maji mengi yasiyo na chumvi kwa dakika 20 hadi 25, mpaka punje ibonyezeke kwa vidole lakini ibaki nzima. Jiko la presha halipendekezwi, kwa sababu dakika moja ya ziada huzigeuza kuwa rojo. Zikiiva humwagwa kwenye chujio, huachwa zichuruzike, kisha hutandazwa kwenye sinia pana kwa nusu saa ili mvuke utoke. Hatua hii ya sinia ndiyo inayorukwa mara nyingi, na ndiyo inayotofautisha mjazo mkavu na ule unaolowesha manda.

Wakati adesi zinapoa, vitunguu maji viwili vikubwa hukatwa vidogo sana na kukaangwa kwa vijiko viwili vya mafuta mpaka viwe vya rangi ya dhahabu. Hufuatiwa na kijiko cha chakula cha kitunguu saumu na tangawizi vilivyotwangwa, vijiko viwili vya chai vya bizari nyembamba iliyokaangwa kavu na kusagwa, nusu kijiko cha chai cha manjano, robo kijiko cha pilipili manga, na pilipili mbuzi moja au mbili kadiri ya ukali unaopendwa. Viungo vilivyosagwa muda huohuo hutoa ladha ambayo unga wa mchuzi wa pakiti hauwezi kuitoa. Unga huo hufanya adesi, viazi na kabichi vyote vionje sawa. Adesi huongezwa, chumvi hutiwa, na mchanganyiko hukorogwa polepole juu ya moto wa wastani mpaka usiache unyevu chini ya sufuria. Mwisho huepuliwa na kukamuliwa ndimu moja.

Sambusa za pwani hupata sehemu ya utamu wake kutokana na kitunguu kibichi na majani ya kotimiri yanayochanganywa mwishoni. Desturi hiyo inafaa pia kwa mboga, kwa sharti moja: kitunguu kibichi kikishakatwa hufungwa katika kitambaa safi na kukamuliwa kwa nguvu, na huchanganywa mjazo ukiwa umepoa kabisa, muda mfupi kabla ya kukunja. Kitunguu kimoja kikubwa kinatosha. Kikilala na chumvi ndani ya mjazo kwa saa mbili, kazi yote ya sinia hupotea bure.

Viazi mviringo huchemshwa na maganda yake, kwa kuwa kiazi kilichomenywa na kukatwa hunywa maji ya kuchemshia. Vikiiva humwagwa maji, hurudishwa kwenye sufuria tupu juu ya moto mdogo kwa dakika moja au mbili vikauke, kisha huachwa vipoe kabla ya kumenywa na kukatwakatwa kwa kisu. Viazi vilivyopondwa vikawa laini kabisa hunata kama gundi, na sambusa iliyojazwa ugali wa viazi ni chakula kizito kisicho na mvuto. Vipande vya ukubwa wa punje ya hindi, vingine vikiwa vimebonyea, ndivyo vinavyotakiwa. Njegere zilizochemshwa na kuchujwa huongezwa, pamoja na bizari nyembamba nzima iliyorushwa katika mafuta, tangawizi na pilipili mbichi. Viazi humeza chumvi na uchachu, hivyo mjazo wake huhitaji ndimu zaidi kuliko ule wa adesi, na huonjwa ukiwa umepoa.

Kabichi na karoti ndio mjazo wa bei nafuu na ndio mgumu kuliko yote. Gramu 500 za kabichi iliyokatwa nyembamba huchanganywa na kijiko kimoja cha chai cha chumvi na kuachwa kwa dakika 20. Chumvi huvuta maji kutoka kwenye majani, na kabichi ikikamuliwa kwa kitambaa hutoa maji ya kushangaza. Baada ya hapo hukaangwa pamoja na karoti iliyokwaruzwa juu ya moto mkali kwa dakika tatu au nne tu, bila kufunikwa; mfuniko hurudisha mvuke ndani. Ikiwa bado kuna unyevu, vijiko viwili vya chakula vya unga wa dengu uliokaangwa kavu mpaka unukie huumaliza, na huongeza ladha. Chumvi nyingine haiongezwi kabla ya kuonja.

Mchicha na uyoga hufuata kanuni hiyohiyo: mchicha hutiwa katika maji ya moto kwa muda mfupi na kukamuliwa mpaka uwe donge, uyoga hukaangwa mpaka maji yake yote yakauke. Nyama ya soya, inayouzwa ikiwa kavu, hulowekwa, hukamuliwa, husagwa na kupikwa kama nyama. Nyanya haina nafasi katika mjazo wowote wa sambusa. Mahali pake ni kwenye kachumbari pembeni.

Manda

Manda za kununua zipo madukani, nyingi zikiwa zimegandishwa, na si aibu kuzitumia. Huyeyushwa zikiwa bado ndani ya mfuko, kisha hufunikwa kwa kitambaa chenye unyevu mdogo wakati wote wa kukunja, kwa sababu manda iliyokauka hukatika pembeni. Anayenunua kwa ajili ya watu wasiokula mayai au maziwa husoma kwanza maandishi ya pakiti.

Za nyumbani ni nyembamba zaidi na zina ladha ya ngano. Gramu 250 za unga mweupe wa ngano huchanganywa na nusu kijiko cha chai cha chumvi na kijiko kimoja cha chakula cha mafuta, kisha maji ya vuguvugu kiasi cha mililita 140, yakitiwa kidogo kidogo. Unga hukandwa kwa dakika kumi. Donge linalotakiwa ni gumu kidogo kuliko la chapati, kwa kuwa manda laini mno hushikana zinaposukumwa pamoja. Hufunikwa na kuachwa kwa nusu saa. Pumziko hilo halikwepeki: bila hilo unga hujivuta na kurudi nyuma kila unaposukumwa, na mpishi huishia kupambana nao kwa mti wa kusukumia.

Donge hugawanywa katika madonge 12 yaliyo sawa, na kila moja husukumwa mpaka kufikia upana wa kiganja. La kwanza hupakwa mafuta juu, mpaka ukingoni kabisa, na kunyunyizwa unga mkavu. La pili huwekwa juu yake na kufanyiwa hivyohivyo, kisha la tatu, na la nne hubaki bila kupakwa. Hapo hupatikana mafungu matatu ya vipande vinne vinne. Fungu hubonyezwa kwa kiganja, kisha husukumwa kama chapati moja, likigeuzwa mara kwa mara, mpaka kufikia upana wa sentimita 25 hivi. Mafuta na unga vilivyo katikati ndivyo vitakavyoziachanisha baadaye, na pale vilipokosekana, hasa ukingoni, manda hugandana na kuchanika.

Chuma cha chapati huwekwa juu ya moto wa wastani bila mafuta. Fungu hulazwa kwa sekunde 20 hadi 30 kila upande, muda wa kutosha kuondoa ubichi tu. Manda ikianza kupata madoa ya kahawia imeshapita kiwango, na haitakunjika bila kuvunjika. Fungu huondolewa na kuachanishwa likiwa lingali moto, kwa kuanzia ukingoni. Vidole vya wapishi wa siku nyingi vimezoea, wengine hutumia ncha ya kisu. Ukingo ulioshikana hukatwa kidogo pande zote. Manda hupangwa tena moja juu ya nyingine, hukatwa kwa alama ya msalaba kupata robo nne, na kufunikwa kwa kitambaa. Madonge 12 hutoa robo 48.

Sambusa kubwa zenye ganda nene, zinazouzwa katika mikahawa ya Kihindi, hazitumii manda hizi. Unga wake husuguliwa kwanza kwa samli au mafuta, kiasi cha gramu 60 kwa gramu 250 za unga, mpaka ushikane ukifumbatwa, ndipo hutiwa maji machache na kukandwa kwa muda mfupi. Husukumwa mbichi na kukatwa nusu duara, kisha hujazwa bila kupitishwa kwenye chuma. Ganda hilo huhimili viazi vizito vizuri kuliko manda.

Kukunja na kuziba

Gundi ni unga vijiko vitatu na maji ya kutosha kuufanya mzito kama uji wa mtoto. Yai hutumiwa na baadhi ya wapishi, lakini gundi ya unga hushika vilevile na haimfungii nje mtu yeyote mezani.

Robo ya manda hushikwa kona yake ikielekea chini. Upande mmoja ulionyooka hupakwa gundi, upande wa pili huletwa juu yake, na hupatikana bakuli refu lenye ncha. Ncha huchunguzwa dhidi ya mwanga: tundu lolote, hata dogo kama la sindano, litakuwa mlango wa mafuta kuingia, na huzibwa kwa tone la gundi. Mjazo uliopoa hutiwa kijiko kimoja cha chakula kisichorundikwa na kusukumwa taratibu mpaka chini. Sambusa iliyoshindiliwa hupasuka, na iliyojazwa nusu hunywa mafuta kwa sababu ya hewa iliyobaki ndani; nafasi ya sentimita mbili juu ndiyo ya kukunjia. Ukingo wa juu hupakwa gundi kwa ukamilifu, hukunjwa na kubonyezwa, kisha sambusa hulazwa kwenye sinia, mkunjo ukiwa chini, zisigusane. Zikikaa dakika kumi kabla ya kukaangwa, gundi hupata muda wa kukauka.

Mjazo wa moto haufungwi kamwe. Mvuke wake hulowesha manda kutoka ndani, na sambusa hulainika zikiwa bado juu ya meza.

Kukaanga

Kwa kuwa mjazo umeshaiva na manda imeshapita kwenye chuma, kazi ya mafuta ni kukausha na kutia rangi. Moto wa wastani, nyuzi 160 hadi 170 za Selsiasi, ndio unaofaa, na dakika nne hadi sita hutosha. Asiye na kipimajoto hutupia kipande cha manda: kikizama kidogo kisha kikapanda polepole na mapovu madogo, mafuta yako tayari, kikibadilika rangi papo hapo, moto ni mkali mno. Mafuta yenye moto mkali hutoa sambusa zenye malengelenge, nyekundu nje na laini karibu na mjazo, nazo hulegea upesi. Yale yaliyopoa hufyonzwa. Kwenye jiko la mkaa, ambalo halipunguzwi kwa kitufe, karai huinuliwa kwa muda au makaa machache hutolewa.

Mafuta ya alizeti yanatosha, mradi yawe na kina cha kuzifunika sambusa nusu au zaidi. Sita au saba kwa mkupuo mmoja ni nyingi kwa karai ya kawaida. Zikizidi, moto wa mafuta huanguka. Hugeuzwa mara kwa mara ili rangi iwe sawa. Nyumbani kwenye wageni wasiokula nyama, mafuta yaliyokwisha kukaangia samaki au kuku hayatumiki, hata yakichujwa.

Zikitolewa husimamishwa ndani ya chujio, ncha zikielekea chini, ili mafuta yachuruzike na mvuke upate njia. Kuzilaza kwa tabaka juu ya karatasi na kuzifunika, kama inavyofanyika katika nyumba nyingi wakati wa kusubiri adhana ya magharibi, huziharibu kwa dakika chache kuliko kosa lolote la kukaanga.

Oveni ya nyuzi 200 hutoa sambusa zinazolika, zikipakwa mafuta pande zote na kuokwa kwa dakika 20 hadi 25, zikigeuzwa mara moja. Ukweli ni kwamba manda nyembamba haifurahii oveni. Huwa ngumu kabla ya kuwa kavu ya kukatika. Ganda nene la samli hufanya vizuri zaidi humo.

Kando ya sambusa za adesi huwekwa vipande vya ndimu, na kwa viazi chatini ya ukwaju au ya nazi iliyokunwa na kusagwa pamoja na pilipili mbuzi, kitunguu saumu, ndimu na chumvi. Mjazo wa kabichi hauna haja ya kitu zaidi ya pilipili.

Kuhifadhi

Kabla ya Ramadhani familia nyingi hukunja sambusa za mwezi mzima, na njia hiyo inafaa kwa mboga isipokuwa za viazi vitupu, ambavyo hubadilika na kuwa vya majimaji vikiyeyuka. Sambusa mbichi hugandishwa kwanza zikiwa zimetandazwa kwenye sinia, na zikishakuwa ngumu hutiwa kwenye mfuko. Zikitiwa mfukoni zikiwa laini hushikana na kuchanika. Katika nyuzi 18 chini ya sifuri hubaki nzuri kwa miezi miwili. Hazisubiriwi ziyeyuke: huingia kwenye mafuta zikiwa barafu, chache chache, moto ukiwa chini kidogo kuliko kawaida na muda ukiongezwa dakika mbili. Barafu yoyote iliyoshika juu hupanguswa kwanza, maana hurusha mafuta.

Mjazo uliopikwa bila kitunguu kibichi hukaa kwenye friji siku mbili. Sambusa zilizokwisha kukaangwa, zikibaki, hupashwa katika oveni ya nyuzi 180 kwa dakika nane au kwenye chuma kikavu juu ya moto mdogo, na huwa karibu sawa na mpya. Maikrowevu huzilegeza.